Mjadala: Je, Amy Grant aliiacha Injili alipotoa Heart in Motion?

Mwanzisha mada

Bwana asifiwe, wapendwa. Alhamisi baada ya mazoezi ya kwaya tulibishana mpaka mlinzi akaja kufunga geti. Kijana wetu mmoja aliimba harusini wimbo aliomtungia mkewe. Jina la Yesu halimo, na sasa wazee wanataka asimamishwe. Mzee mmoja akatoa mfano: "Ndivyo alivyoanza Amy Grant. Alituimbia El Shaddai, mwishowe akaimba Baby Baby." Albamu yenye Baby Baby, yaani Heart in Motion, naijua mwanzo hadi mwisho, na naona inasingiziwa. Naomba tuijadili hapa.

Kwa wasiomfahamu: Amy Grant ni mwimbaji Mmarekani aliyekulia Nashville katika Kanisa la Kristo, wale wanaoimba bila vyombo. Albamu yake ya kwanza ilitoka mwaka 1977 akiwa na miaka 16. Age to Age ya mwaka 1982, yenye El Shaddai, wimbo wa kumsifu Mungu, ndiyo albamu ya kwanza ya muziki wa Kikristo wa kisasa kuthibitishwa kwamba imeuza nakala milioni moja Marekani. Thy Word, unaoimbwa sana kwenye ibada za Kiingereza hata huku kwetu, ni wake yeye na Michael W. Smith: "Neno lako ni taa ya miguu yangu." Huyo ndiye aliyetoa Heart in Motion mwezi Machi 1991. Aprili, Baby Baby ukashika namba moja Marekani kwenye chati ya nyimbo zote, za kidunia na za dini, na albamu ikaja kuuza zaidi ya nakala milioni tano nchini humo.

Makelele yakaanza. Kwenye video anacheza na mwanamume ambaye si mumewe. Na hilo neno "baby" lenyewe likawa kesi. Lakini maneno ya wimbo ule yalimjia akimtazama binti yake Millie, kichanga cha wiki sita, na kwenye jalada la albamu aliandika hivyo. Mama yangu alikuwa mwenyekiti wa akina mama kanisani, na alitubembeleza kwa nyimbo ambazo hazikuwa na aya hata moja. Hakuna aliyemwambia amerudi Misri.

Ila hoja yangu kubwa haipo kwenye Baby Baby. Ipo kwenye wimbo wa tano, Ask Me. Nilikuwa na kaseti ya albamu hii, na kwa miaka mingi wimbo huo niliuruka kwa sababu ni wa polepole. Siku nilipokaa nikafuatilia maneno, nilizima redio. Ni habari ya binti mdogo anayejificha chumbani. Anaoga tena, kisha anajipulizia manukato ya mama yake ili harufu ya mtu aliyemdhalilisha imtoke. Mwimbaji anauliza Mungu alikuwa wapi katikati ya aibu ile, na anasema wazi kwamba haoni huruma, wala hakuna anayetaja jina la mtu. Baadaye binti amekuwa mtu mzima, na safari hii anayeulizwa ni yeye: umejuaje kwamba Mungu yupo? Jibu lake ni kwamba rehema zake ndizo zinazomrudishia uhai.

Niambieni, ni kwaya gani imewahi kusimama madhabahuni ikaimba jambo hilo? Watu milioni tano walinunua albamu kwa ajili ya wimbo wa kuchezea, wakakuta na huo ndani. Wimbo wa mwisho, Hope Set High, unasema kila jema la maisha haya latoka kwa Yesu. Sasa aliiacha Injili wapi?

Mwalimu wa kwaya

Ndugu, sina ugomvi na mama kumwimbia mtoto wake. Shida yangu ni rafu ya dukani ilikowekwa. Albamu ile iliuzwa kwenye maduka ya kawaida kupitia kampuni ya A&M, na kwenye maduka ya vitabu vya Kikristo kupitia kampuni ya Kikristo ya Myrrh, tena ikakaa juu ya chati ya albamu za Kikristo. Mfuko ukiandikwa dona, nikifungua nikute sembe, sitasema sembe ni sumu. Nitasema umenidanganya. Mzazi aliyempa mwanawe hela kwa kuamini duka lile alikuwa na haki ya kulalamika.

Na hili si wivu wa wazee peke yao. Mwaka 1998 chama cha muziki wa Injili cha Marekani, kinachotoa tuzo za Dove, kililazimika kuandika kigezo cha maneno: wimbo uwe na kweli ya Biblia, au sifa kwa Mungu, au ushuhuda wa uhusiano na Mungu kwa njia ya Kristo, au uonekane wazi kwamba umetokana na mtazamo wa Kikristo. Hawangefika huko kama mpaka ungekuwa wazi.

Msomaji wa Dodoma

Mti hujulikana kwa matunda yake. Mwaka 1999 aliachana na mumewe, na mwaka uliofuata akaolewa na Vince Gill, mwimbaji wa muziki wa country. Haya yote mnayatetea ya nini?

Sauti ya pili

Mimi nafundisha Sunday school. Miaka ya nyuma mtoto mmoja wa darasa langu aliacha kuja, na sababu tukaijua. Tukaambiwa tuombe, tusichafue jina la kanisa. Aliyehusika aliendelea kukaa viti vya mbele. Nimeutafuta huo Ask Me jana usiku baada ya kusoma hapa. Pale kwenye manukato nilisimamisha, nikatoka nje. Nawaomba msifananishe wimbo huo na unga.

Mwanzisha mada

Dada, pole sana. Asante kwa kuthubutu kuandika.

Msomaji wa Dodoma, ndoa ile ilivunjika miaka minane baada ya albamu. Wengi walioimba zaburi tupu maisha yao yote nao wameachana, na hatujazichoma zaburi. Kuachana kwake kuna maumivu yake na maswali yake, nami siyafuti. Ila hakutuambii lolote kuhusu nyimbo 11 za mwaka 1991.

Mwalimu, kwenye suala la rafu umenishika. Nakubali kwamba Baby Baby si wimbo wa Injili, na aliyeuuza kama wimbo wa Injili alikosea. Ningeridhika kama ungeitwa wimbo wa Mkristo, basi. Lakini ukipima kwa kigezo hicho ulichotuletea, Ask Me unapita, maana ni ushuhuda. Kwa hiyo wazee walioitupa albamu nzima kwa sababu ya wimbo mmoja walitupa na kile ambacho yule mtoto wa Sunday school alikihitaji. Na kijana wetu wa harusini tunataka kumfanyia vivyo hivyo: hakuna hata mmoja aliyemwomba atuimbie nyimbo zake nyingine. Anazo. Mimi nimezisikia.

Nimeanza kuandika wimbo mpya wa Kiswahili juu ya jambo lilelile, maana wa Amy Grant si wetu kuuchukua. Nina beti mbili. Mwalimu, utaturuhusu tuujaribu?

Mwalimu wa kwaya

Lete beti zako Alhamisi, uje na huyo kijana. Solo apewe dada wa sauti ya pili kama ataweza, asilazimishwe. Mchungaji nitamwona mwenyewe kabla ya Jumapili, maana najua ni nani wanakaa viti vya mbele.