Hansi Hinterseer: kutoka slalomu hadi schlager, na namna muziki wa Alps unavyotengenezwa

mpenda_kodiani aliuliza:

Wakuu, habari zenu. Naandaa kipindi cha redio kuhusu waimbaji wa milima ya Alps, na mhusika mkuu ni Hansi Hinterseer wa Austria. Sifa za jumla ninazo za kutosha, ninachotafuta ni mambo yanayoshikika. Mtu aliyekuwa mchezaji wa ski (kuteleza kwenye theluji) wa kiwango cha dunia aliingiaje kwenye uimbaji akiwa na miaka 40? Kwa nini anawekwa kundi moja na waimba yodeli wakati nyimbo zake karibu zote hazina yodeli, ule uimbaji wa kurukaruka kati ya sauti ya chini na ya juu? Kwenye video anaimba kileleni, maiki haionekani, upepo unapeperusha nywele, lakini sauti ni safi kabisa. Wanafanyaje? Na mwimbaji wa aina hii hela yake hasa inatoka wapi? Wenye ujuzi naomba mshushe.

theluji_na_sauti:

Mkuu, anzia Kitzbühel, jimbo la Tirol. Hinterseer alizaliwa hapo tarehe 2 Februari 1954 na kulelewa na babu na bibi yake Seidlalm, nyumba ya mlimani iliyo kando ya Streif, ile njia ya mbio za kushuka inayoogopwa kuliko zote duniani. Ni Seidlalm hiyohiyo ambako Januari 1966 mwandishi wa habari Serge Lang, pamoja na makocha Honoré Bonnet wa Ufaransa na Bob Beattie wa Marekani, waliketi na kupanga Kombe la Dunia la ski. Usikose kulisema hilo redioni, kwa sababu mtoto wa nyumba ile ndiye aliyekuja kutwaa taji la slalomu kubwa (slalomu ni mbio za kushuka ukipinda kati ya vigingi, na kubwa ni ile yenye vigingi vilivyotengana zaidi) la Kombe hilo msimu wa 1972/73.

Baba yake, Ernst Hinterseer, alipata dhahabu ya slalomu na shaba ya slalomu kubwa kwenye Olimpiki ya Squaw Valley mwaka 1960. Hansi mwenyewe alipata medali ya fedha ya slalomu kubwa kwenye mashindano ya dunia ya St. Moritz mwaka 1974, nyuma ya Gustavo Thöni wa Italia, na mwaka huohuo akashinda slalomu ya Kitzbühel mbele ya watu wa nyumbani kwake. Kwa jumla alishinda mbio 6 za Kombe la Dunia. Mwaka 1978 aliachana na Kombe hilo, akaenda kwenye mbio za kulipwa za Marekani, ambako wachezaji wawili hushuka sambamba kwenye njia mbili zenye matuta ya kuruka.

Wengi wakifika hapa hurukia 1994, mwaka wa wimbo wake wa kwanza, na hapo ndipo simulizi inapoharibika. Katikati alikuwa sura ya kawaida kwenye televisheni ya taifa, ORF, akichambua mbio na kueleza njia zilivyo. Alizoea kuiangalia kamera na kuongea bila karatasi, tena kwa lafudhi ya Tirol ambayo watazamaji waliipenda. Kwa maoni yangu hiyo ndiyo shule yake ya muziki, kwa sababu soko hili liliishi ndani ya televisheni. Prodyuza hakuhitaji kumtambulisha kwa watu. Alihitaji wimbo tu.

Prodyuza huyo ni Jack White, Mjerumani aliyewahi kucheza mpira wa miguu. Ndiye aliyetengeneza "Schöne Maid" ya Tony Marshall mwaka 1971, na baadaye alishirikiana na Greg Mathieson kutengeneza albamu ya kwanza ya Laura Branigan, ile yenye "Gloria". Ni fundi wa kiitikio ambacho ukumbi mzima hukishika mara ya pili tu kinaporudi. Wimbo wa kwanza wa Hinterseer, "Du hast mich heut' noch nicht geküsst", ulitoka 1994. Baada yake zikafuata kipindi chake mwenyewe cha televisheni, filamu za milimani, na matamasha ya kiangazi kwenye uwanja wa tenisi wa Kitzbühel, ambako mashabiki walikuja pia kupanda mlima pamoja naye kwa miguu. Usiisahau Denmark: huko ana wafuasi wengi kiasi cha kumpeleka kwenye kumbi kubwa, jambo ambalo ni adimu kwa mwimbaji wa Kijerumani wa aina hii.

Tahadhari moja: usimweke kwenye orodha ya washindi wa Grand Prix der Volksmusik, shindano la televisheni la nyimbo za aina hii. Shindano hilo lilianza 1986 na kuisha 2010. Nella Martinetti wa Uswisi alishinda la kwanza, Original Naabtal Duo 1988, Stefan Mross 1989, Kastelruther Spatzen 1990. Hinterseer hayumo.

baraza_la_muziki:

Naongezea kidogo kuhusu makundi, kwa sababu ukiyachanganya wasikilizaji wanaoujua muziki huu watakushika palepale. Kuna muziki wa jadi wa vijijini, zeze za kugonga na za kukwanyua, sauti tatu zinazopandana bila vipaza sauti. Kuna muziki wa kibiashara uliovaa nguo za jadi, ambao Musikantenstadl, kipindi cha televisheni cha mtangazaji Karl Moik, kiliubeba tangu 1981. Halafu kuna schlager, nyimbo za mapenzi za Kijerumani zenye mdundo wa dansi. Hinterseer anasimama kati ya kundi la pili na la tatu, na kwa miaka inavyokwenda ameegemea zaidi la tatu. Anahesabiwa na waimba yodeli kwa sababu walitokea kwenye vipindi vilevile na hadhira yao ni moja. Kimuziki, kinachowaunganisha ni kidogo.

fundi_mitambo_K:

Nijibu la mlimani. Ni plebaki, karibu kila mara. Sauti imerekodiwa studio, na pale kileleni mwimbaji anafuatisha midomo tu. Hakuna haja ya kuliona kama aibu. Sababu ni za kifizikia.

Ya kwanza ni upepo. Hata maiki yenye manyoya hupokea ngurumo ya chini upepo ukikaza, na ukiikata ngurumo hiyo kwa kichujio unakata pia kifua cha sauti ya kiume.

Ya pili ni baridi, na hii ndiyo inayowashinda wanaojaribu kupiga moja kwa moja. Vyombo vya kupuliza hushuka sauti hewa iliyomo ndani yake ikipoa, karibu senti 3 (senti ni kipimo cha tofauti ndogo za sauti) kwa kila nyuzi moja ya selsiasi. Nusu toni ina senti 100. Kama tarumbeta ilitiwa tyuni kwenye nyuzi 20, ukiipeleka kwenye nyuzi 0 na kuiacha ipoe kabisa, inashuka takriban senti 60, zaidi ya robo toni. Pumzi ya mpigaji huipasha, kwa hiyo akiwa anapiga pengo hupungua, lakini kila akipumzika ubeti mmoja linarudi. Kodiani haifuati mwendo huo. Sauti yake inatoka kwenye vipande vya chuma vinavyotetemeka, na baridi haivibadilishi sana. Basi tarumbeta na klarineti zinazama wakati kodiani imebaki pale pale, na sikio linaumia. Ukiongeza kwamba ngozi za vali za kodiani hukakamaa, na mvuke huganda juu ya vipande vile chombo kikitolewa kwenye baridi kuingizwa ndani ya joto, utaelewa kwa nini vyombo vingi unavyoviona kwenye theluji ni vya kupigia picha tu.

Plebaki nayo ina mtego wake: muda. Sauti husafiri mita 340 hivi kwa sekunde, pungufu kidogo kwenye baridi. Spika ikiwekwa kando ya kamera, na kamera iko mita 85 kutoka kwa mwimbaji, wimbo unamfikia robo sekunde baadaye. Midomo inachelewa kwa robo hiyo, na mtazamaji anaona kitu hakijakaa sawa hata kama hajui ni nini. Dawa ni spika ndogo iliyofichwa nyuma ya jiwe mita 2 au 3 kutoka kwake, au kisikizi cha sikioni upande usioelekea kamera. Mwimbaji anatakiwa aimbe kwa sauti kamili, asichezeshe midomo tu. Asipotoa sauti, misuli ya shingo na kifua hailingani na noti ndefu, na picha ya karibu inamwumbua.

Picha ya helikopta au droni haina shida hiyo, kwa sababu midomo haionekani. Ndiyo maana kiitikio cha mwisho mara nyingi huonyeshwa kutoka mbali: wahariri huweka pale vipande vilivyokosa kulingana.

kii_ya_sol:

Fundi amegusa kodiani, nami niingie hapo, maana inaamua hata namna wimbo unavyotungwa.

Chombo kikuu cha muziki huu Austria ni kodiani ya Steiermark, iliyopewa jina la jimbo la huko. Ni ya vitufe, na kitufe kimoja hutoa noti moja ukisukuma na nyingine ukivuta. Kila mstari wa vitufe una kii yake, yaani ngazi ya noti ambamo wimbo unakaa. Mpangilio ulioenea kwenye ile ya mistari minne ni si bemoli, mi bemoli, la bemoli, re bemoli (bemoli ni noti iliyoshushwa nusu toni), yaani kila mstari unapanda noti nne za ngazi juu ya uliotangulia. Kwa hiyo mpigaji akitaka kubadili kii katikati ya wimbo, njia rahisi ni kuhamia mstari wa jirani: mi bemoli kwenda la bemoli. Sikiliza polka zao, sehemu ya tatu karibu daima inaruka hivyo.

Schlager hufanya kitu kingine. Kabla ya kiitikio cha mwisho wimbo mzima hupandishwa nusu toni au toni moja, ili ukumbi uamke. Mruko wa nusu toni kodiani ile haiwezi kuufuata. Mi bemoli kwenda mi haimo kwenye vitufe vyake. Ukiusikia mruko huo na mtu kashika kodiani ya Steiermark jukwaani, ujue anayepiga hasa ni kinanda cha umeme au mpigaji wa studio mwenye kodiani ya piano. Ni kipimo kizuri cha kuujua wimbo uko upande gani, na unaweza kuwafundisha wasikilizaji kwa mifano miwili.

Mdundo pia unasaidia kutofautisha. Schlager ya kucheza hukaa mapigo 120 hadi 135 kwa dakika, ngoma ya mguu ikigonga kila pigo, kiitikio kikiingia ndani ya dakika ya kwanza, na melodi ikikaa ndani ya oktavu moja au juu yake kidogo ili kila mtu aimbe. Bendi zilizofuata njia ya Slavko Avsenik wa Slovenia, yule wa "Na Golici", hutumia tarumbeta, klarineti, kodiani, gitaa na baritoni, na gitaa hupiga mkato mkavu kwenye pigo la nyuma. Mkato huo ukichelewa, polka inakuwa nzito papo hapo.

mpenda_kodiani:

Asanteni sana wakuu, hapa nimepata zaidi ya nilivyotarajia. Nimebaki na mawili: yodeli inafanyikaje, ili niieleze kwa mfano hewani, na lile la mapato.

kii_ya_sol:

Yodeli ni kuruka kutoka sauti ya kifuani kwenda ya kichwani bila kuficha mvunjiko. Mwimbaji wa kawaida hufundishwa kuulainisha mvunjiko huo. Muimba yodeli anauonyesha. Irabu o na a huwekwa chini, i na u juu, kwa sababu umbo la kinywa cha o husaidia kifua, na la i husaidia kichwa.

Kwa sauti ya kiume jaribu hivi. Shika sol iliyo chini ya do ya kati kwa irabu "o", kisha ruka hadi mi iliyo juu ya do hiyo kwa irabu "i". Huo ni umbali wa noti sita, unaoitwa sita kubwa, na unavuka mahali sauti nyingi za kiume zinapovunjika. Anza polepole, noti mbili tu, kisha ongeza kasi. Pumzi ibaki ileile. Badiliko lifanyike kooni. Makosa ya wanaoanza ni mawili: kuongeza pumzi kwenye noti ya juu, ikageuka ukelele, na kubeba sauti ya kifuani hadi juu, koo likabana na mruko ukapotea. Koo likikwaruza, acha siku hiyo.

Kwa mfano wa hewani chagua Franzl Lang wa Munich, aliyezaliwa 1930 na kufariki 2015. Alisomea ufundi wa kutengeneza zana kabla ya kuishi kwa muziki, alipiga kodiani mwenyewe, na "Kufsteiner Lied" ya Karl Ganzer aliifanya ijulikane mbali sana. Miruko yake inasikika wazi, kila noti imesimama peke yake. Baada yake weka wimbo wa Hinterseer, na tofauti yake na waimba yodeli itasikika bila maelezo.

hesabu_za_msanii:

Mapato. Tenganisha mtunzi na mwimbaji. Wimbo ukipigwa redioni, mirabaha ya utunzi inakwenda kwa watunzi kupitia vyama vya hakimiliki: AKM huko Austria, GEMA Ujerumani, SUISA Uswisi. Mwimbaji asiyetunga haoni chochote kwenye fungu hilo. Yeye na wapiga vyombo wa studio wana haki ya kulipwa kwa uimbaji na upigaji wao kwenye rekodi, inayokusanywa na LSG Austria na GVL Ujerumani. Ndiyo maana mwimbaji kama Hinterseer, ambaye nyimbo nyingi ametungiwa, uzito wake uko kwenye matamasha, ada za televisheni na bidhaa. Andreas Gabalier, aliyezaliwa Friesach mwaka 1984, anatunga mwenyewe. Wimbo wake mmoja ukivuma unamlipa pande zote mbili.

Kinachopoteza hela mara nyingi ni uzembe wa makaratasi: wimbo kusajiliwa baada ya kuanza kupigwa, jina la mtunzi kuandikwa tofauti kwenye fomu na kwenye albamu, rekodi kukosa namba yake ya utambulisho ya ISRC, au mpigaji wa studio kutoandikwa kabisa. Vyama vikishindwa kulinganisha, hela inakaa bila mwenyewe.

Na televisheni haiko tena kama zamani. Andy Borg alimrithi Moik kwenye Musikantenstadl mwaka 2006, akaondolewa 2015, kipindi kikabadilishwa kifuate vijana na kikaporomoka. Kikabaki cha mkesha wa mwaka mpya tu. Mwaka 2018 Borg alianza kipindi SWR, televisheni ya kusini-magharibi mwa Ujerumani, kwa watazamaji walewale waliotupwa, na naona ndiye aliyewaelewa. Kwa waliobaki bila skrini, safari za mashabiki zilichukua nafasi: tiketi ya tamasha, hoteli na matembezi ya mlimani vinauzwa kwa pamoja, na mji mwenyeji unasaidia kwa sababu vitanda vinajaa kabla ya theluji kuanza.

Mkuu, kwa kipindi chako, andika jina la mwimbaji, mtunzi, mwandishi wa mashairi na sekunde za kila wimbo utakaoucheza, kisha ukabidhi orodha kwa ofisi ya kituo siku hiyohiyo. Bila orodha hiyo, chama cha hakimiliki hakina cha kugawia.