MC wa kiume akivaa dera mnagaragara kwa kicheko, binti akivaa suruali jukwaani mnafuta igizo. Nimechoka!

Wakuu, salamu. Naandika nikiwa na hasira, kwa hiyo mtanivumilia. Wasimamizi, naomba uzi huu usihamishiwe jukwaa la vichekesho, maana ndiko mambo ya namna hii huwa yanatupwa.

Mimi ni mwalimu wa fasihi ya Kiingereza, shule ya wasichana. Jina la shule na mkoa sitaji, mshahara bado naupokea palepale. Ndimi mlezi wa klabu ya maigizo. Mwaka huu, kwa ajili ya mahafali ya kidato cha sita, mabinti waliniomba tupumzike na yale maigizo ya kila mwaka ya mama wa kambo na mganga wa kienyeji. Wakataka kitu tulichokigusa darasani tukizungumzia kumbi za maigizo za enzi za Shakespeare: kesi ya Mary Frith, mwanamke aliyefikishwa mahakamani kwa kuvaa kiume, London, 1612. Tukaandika igizo la dakika 20. Wiki sita za mazoezi nyuma ya bwalo. Suruali ya kaka wa mmoja wao, gamboti za mlinzi, upanga wa mti wa mpera tuliopaka rangi ya fedha mpaka ukang'aa.

Mahafali Jumamosi. Alhamisi naitwa ofisini.

"Mwalimu, kuna mzazi amepiga simu. Anasema binti atapanda jukwaani na suruali, buti na ndevu."

"Ndevu hakuna, Mkuu. Suruali na buti zipo. Ni historia hiyo."

"Kwani haiwezekani avae gauni lake, halafu aseme tu kwa mdomo kwamba amevaa suruali?"

Wallahi hayo ndiyo maneno, sijaongeza chumvi. Nikasomewa Kumbukumbu la Torati 22:5, ule mstari unaomkataza mwanamke kuvaa mavazi ya kiume, igizo likafutwa, na upanga ukabaki ofisini.

Jumamosi sasa. Anapanda MC, mwanamume wa miaka arobaini na kitu, kavaa dera la njano, mtandio kichwani, maputo mawili kifuani na mto wa kulalia umefungwa nyuma. Anatembea kama mwanamke aliyetoka sokoni, anamkalia mgeni rasmi mapajani. Uwanja mzima chali! Mkuu wangu alicheka hadi akavua miwani na kujifuta machozi. Binti aliyekuwa acheze Mary nilimwona amesimama kando na kreti ya soda mikononi, anagawa meza kwa meza. Hakucheka.

Sasa ngoja niwasimulie igizo lenyewe lilihusu nini, mjue kwa nini sijalala.

London ya wakati ule, wanawake hawakupanda kwenye kumbi za biashara. Wengi hudhani kulikuwa na sheria ya Bunge. Haikuwepo. Ilikuwa desturi, na ilishika kuliko sheria. Juliet, Lady Macbeth, Cleopatra, wote walichezwa na wavulana na vijana wa kiume, gauni mwilini, poda usoni. Hayo yalifanyika mchana kweupe mbele ya watu kwa mamia, na kundi la akina Shakespeare lilikuwa chini ya jina la mfalme mwenyewe tangu 1603. Ikulu walikuwa wanaitwa kwenda kucheza.

Mary Frith alikuwa mwanamke wa mtaani, anajulikana kwa wezi wa mifuko, anavuta tumbaku, anakunywa, anatukana. Mwaka 1611 aliingia ukumbi wa Fortune na mavazi ya kiume, buti miguuni, upanga ubavuni. Akawaambia watazamaji kwamba wengi wao wanamdhania mwanamume, lakini yeyote atakayefika anakolala atajionea kwamba ni mwanamke. Kisha akakaa juu ya jukwaa palepale, akapiga luti (ndugu wa udi wetu wa taarabu) na kuimba wimbo.

Mwaka uleule, ukumbi uleule, Thomas Middleton na Thomas Dekker walikuwa na tamthilia iliyomfanya yeye ndiye shujaa. Nani alicheza nafasi yake? Mwanamume, bila shaka, kwa sababu wanawake hawapandi jukwaani. Yaani mwanamume aliyevaa kama mwanamke anayevaa kama mwanamume alilipwa na kupigiwa makofi. Mwenye sura yake, mwenye buti zake, akaishia Bridewell, nyumba ya kuwatia adabu maskini, wazururaji na makahaba.

Usiku wa Krismasi 1611 walimkamata kwenye kanisa la St Paul's. Safari hii hata suruali hakuwa nayo. Alikuwa amepandisha gagulo na kulifunga juu mtindo wa kiume, na joho la kiume begani. Januari 1612 akasimamishwa mbele ya mahakama ya askofu wa London. Kumbukumbu za shauri zipo hadi leo na ndizo tulizozitumia. Alikubali kutukana, alikubali ulevi, alikubali kukaa na wezi. Walipomuuliza kama anauza mwili na kama anawavuta wanawake wengine kwenye uchafu, alikataa katakata. Hapo ndipo penye moyo wa igizo letu. Kosa lililoletwa ni nguo, swali linaloulizwa ni ukahaba. Nani leo hajawahi kusikia swali hilo kwa sauti nyingine?

Mwezi uliofuata akapelekwa kutubu hadharani Paul's Cross, kwenye mimbari ya nje. Akalia machozi mengi, watu wakaguswa. Baadaye ikasemekana alikuwa amelewa, kanywa karibu lita 3 za mvinyo kabla ya kupanda. Na mhubiri alikuwa mbovu kiasi kwamba watu wengi waliondoka, waliobaki wakabaki kumsikiliza Mary kuliko yeye. Mabinti zangu walilipenda tukio hilo kupita yote. Aliyecheza mhubiri alikuwa na hotuba ya kuchosha ya dakika mbili aliyoitunga mwenyewe, na nawaambia kweli, niliitambua sauti aliyokuwa anaiiga.

Tulimalizia na Januari 1620. Mfalme James I anamwagiza askofu wa London awakusanye mapadri wake, wakemee kwa ukali mimbarini wanawake wanaovaa kofia za ukingo mpana na vikoti vya kiume, wanaokata nywele fupi, na wengine kubeba visu vya kiunoni. Mwezi uliofuata kikatoka kijitabu cha kuwatukana kiitwacho Hic Mulier. Kwa Kilatini mwanamke ni mulier, na "huyu" yake ni haec. Hic ni "huyu" ya kiume. Mwandishi ameharibu sarufi makusudi ili jina lenyewe liwe tusi.

Jaribuni kulitafsiri kwa Kiswahili. Huyu ni huyu tu, mke au mume! Tulihangaika nusu kipindi, mpaka binti mmoja wa nyuma akanyoosha mkono: "Madam, tuseme hiki mwanamke." Darasa likanyamaza ghafla. Tusi lilikuwa limefika.

Wiki moja baadaye kikatoka cha kujibu, Haec-Vir (vir ni mwanamume, kapewa "huyu" ya kike), mwanamke wa mavazi ya kiume akibishana na mwanamume aliyejiremba. Mwanamke anajitetea vizuri mno, desturi anaiita mpumbavu. Halafu mwishoni kijitabu kinamrudisha kwenye gauni, mradi wanaume nao waache urembo. Hapo nilikitupa mezani.

Na msidhani ni London peke yake. Uholanzi, wanahistoria Rudolf Dekker na Lotte van de Pol walikusanya visa 119 vya wanawake walioishi kiume kati ya 1550 na 1839, wengi wakiwa mabinti maskini walioingia jeshini au melini. Catalina de Erauso, Mhispania, alitoroka kwenye nyumba ya watawa, akapigana Chile miaka kadhaa, na aliporudi Mfalme Philip IV akampa pensheni. Hannah Snell, Mwingereza, alihudumu kama James Gray, akajeruhiwa India, na mwaka 1750 London ikampandisha jukwaani na sare zake, pensheni pia akapata. Sasa mtazameni Catharina Linck wa Prussia, dola la Kijerumani la zamani. Naye alikuwa askari. Ila alioa mwanamke, mama mkwe akamvua suruali kwa nguvu na kumfikisha kwa wakubwa, na mwaka 1721 akakatwa kichwa Halberstadt. Suruali ileile. Aliyekuwa na faida kwa mfalme alipewa pensheni.

Hata 1660, wanawake waliporuhusiwa hatimaye kuigiza London, haikuchukua muda wakavalishwa suruali za kiume jukwaani. Kwa nini? Gauni lilifunika miguu, suruali haikufunika, na wanaume walilipa kiingilio kuja kuangalia miguu. Hapo mstari wa Torati ulikwenda likizo.

Hiki ndicho walichokifuta. Badala yake tukapata maputo.

NYONGEZA, saa 4 usiku: Nimesoma majibu yenu. Anayeniita mwanaharakati ninayeharibu watoto wa watu, sawa, nimesikia, mkeo hakuvaa suruali kwenye picha yako ya wasifu?

Anayeniuliza kama Biblia imekosea: mkuu, rudi uusome mstari mpaka mwisho. Una pande mbili. Upande wa pili unamhusu mwanamume aliyevaa nguo za kike, yaani MC wenu. William Prynne, Mpuritani, yaani Mprotestanti wa Kiingereza mwenye msimamo mkali, mwaka 1633 alitoa kitabu kinene kulaani maigizo yote, wavulana wenye magauni wakiwemo. Kilionekana kumtukana malkia, aliyependa kuigiza ikulu, na mwaka uliofuata Prynne akakatwa masikio. Simpendi hata kidogo, lakini alikuwa na msimamo mmoja. Mtu akija kwangu akasema dera la MC na suruali ya binti vyote marufuku, huyo nitabishana naye kwa heshima. Mkuu wangu hakuwa na msimamo huo. Alikuwa anafuta machozi.

Na dada uliyeuliza kama wale wanawake walitaka kuwa wanaume au walitaka mshahara tu: kuna waliotaka mshahara, kuna waliomfuata mume vitani, na kuna kina Maria van Antwerpen wa Uholanzi, aliyefunga ndoa na mwanamke, akahukumiwa 1751, akafukuzwa, akarudia tena hadi akahukumiwa 1769. Mtu harudii adhabu kwa sababu ya mshahara. Kuwaweka wote kapu moja ni uvivu, na mimi darasani siuruhusu.

NYONGEZA YA PILI: Mtu amenitumia ujumbe binafsi kunishauri niombe radhi ili yaishe. Siombi. Ninachodai ni shilingi 48,000 nilizotoa mfukoni kwa kitambaa cha joho, rangi ya fedha na nauli ya kwenda kununua vitu hivyo. Risiti ninazo zote tatu. Na upanga wetu urudishwe. Leo asubuhi nimeuona umeegeshwa nyuma ya kabati la mafaili, mtu ameutundikia mwavuli.