Nimetolewa kortini sababu ya JOGOO alafu wanaandika ati sikuhudhuria??

Nimetoka kwa hiyo linki ya korti ya mtandaoni saa hii na mikono bado inatetemeka, kwa hivyo asikuje mtu hapa kunisahihisha maandishi. Watu wa huku Magharibi ya Kenya mnamjua huyo mwamuzi wa korti, sitamtaja, yule hukusomea uamuzi kabla hujamaliza kusema jina lako, lakini wakili akikohoa tu anaahirishiwa kesi miezi mitatu. Huyo huyo. Leo amenifikia.

Nadai laki moja na themanini na sita elfu, mbao za saipras nilimpelekea jamaa wa kujenga mwaka jana na mpaka leo ni story tu. Korti ya Madai Madogo si walituambia mwisho wa deni ni shilingi milioni moja, wakili si lazima, siku 60 imeisha? Nikasema hii sasa ndio korti yetu sisi watu wa jua kali. Saa tatu asubuhi niko kwa Teams, ile app ya video, shati limepigwa pasi, risiti zimepangwa kwa meza. Saa nne. Saa tano. Saa tano na nusu ndio jina langu linaitwa, nikawasha maiki nikasema "niko hapa mheshimiwa", na jogoo wa jirani akawika.

Mara moja! Mara MOJA tu.

"Mtoeni huyo wa kuku."

Skrini ikaandika nimeondolewa. Nikabonyeza kurudi nikawekwa lobi, pale unangoja kuruhusiwa kuingia, nikabonyeza tena lobi, nimekaa kwa hiyo lobi mpaka nikaota ndevu. Karani hashiki simu. Kuja kushika saa saba ananiambia madai yametupwa, mdai HAKUHUDHURIA. Mdaiwa alikuwa ndani ametulia, amesikizwa yote yake, yeye hana kuku.

Kifungu cha 50 cha Katiba kinasema kila mtu mzozo wake usikizwe kwa haki na hadharani, na cha 25 kinasema hiyo haki haipunguzwi. Hawajaandika isipokuwa mwenye jogoo. Na Vihiga hii ya ploti za kugusana utapata wapi nyumba hakuna kuku karibu? Angesema mzee zima maiki ningezima! Mimi mtu mzima, nimelipa ada, jina langu liko kwa faili mbele yake, ananiita wa kuku na mdaiwa wangu anasikia. Wa kuku!

Omera_Ksm: Pole omera. Lakini jogoo anawika saa tano na nusu? Huyo alilipwa na mdaiwa 😂😂

MbaoMbao: Jogoo huwika saa yoyote, kwani wewe ulilelewa wapi?

Kalamu_Nyekundu: Wacha kulia hapa. Andika ombi leo hiyo amri iondolewe, na hati ya kiapo, weka skrinshoti za lobi zenye saa. Kesi ya Mbogo dhidi ya Shah ya 1968 ndio hutajwa kila siku kwa hizi maneno: korti inaweza kumrudisha aliyekosa kwa bahati mbaya ama kosa la kueleweka, si yule anachelewesha makusudi. Lakini ukikaa wiki tatu ndio utaulizwa ulikuwa wapi.

MbaoMbao: Asante ndugu. Skrinshoti ziko 14. Lakini umesikia vile aliniita?

MamaPacha_Molo: Wewe hata yako imetupwa haraka. Mimi ya shamba ya marehemu baba iko tangu 2016, naamka saa kumi usiku na hii baridi ya Molo, nafika naambiwa faili haionekani. Faili! Mara ya nne!

Omera_Ksm: Mama hiyo faili imekaliwa na mtu, uliza kwa rejista.

MamaPacha_Molo: Niliuliza, nikaambiwa nikuje na soda.

Boda_Luanda: Soda ni afadhali. Sisi hapa steji askari anataka mia asubuhi na mia jioni na risiti hakuna.

Omera_Ksm: Mia? Kisumu ni mia mbili na wanakutusi juu.

Boda_Luanda: Enyewe. Mwenye uzi, huyo jogoo ni pesa ngapi? Niko na wageni Jumapili.

MbaoMbao: Jogoo si wangu. NIMESEMA NI WA JIRANI.

Boda_Luanda: Sawa mzee, tupe namba ya jirani.