MREJESHO: Matembezi ya jioni Mji Mkongwe na mama

Wakuu, niliuliza kama nichukue mwongoza watalii kwa matembezi ya jioni Mji Mkongwe, Unguja, maana mama magoti yanamsumbua. Asanteni sana. Nilimchukua mwenye kitambulisho kama mlivyosema, tukaanza baada ya alasiri, kutoka soko la Darajani hadi bustani ya Forodhani, penye vyakula vya jioni. Mwongozaji alikwenda nasi polepole. Pale Jaws Corner, kijiwe cha kahawa, mama alikaa barazani na kahawa chungu, kumwinua ikawa kazi. Kilichoshindikana ni Kanisa la Mkunazini, palipokuwa soko la watumwa: lilishafungwa, tukasimuliwa tukiwa nje. Anayelitaka hilo aende mchana. Beit el Ajaib (Jumba la Maajabu), iliyoporomoka sehemu mwaka 2020, tuliitazama kwa nje tu. Forodhani ulizeni bei kabla ya kuagiza mishkaki. Urojo ni mtamu balaa.