Grupu la ukoo: bonde la Salim

Salim: Shikamooni wakubwa, wengine mambo. Naombeni maoni. Ile hadithi yangu ya nchi ya Kwezi nimefika Bonde la Usingizi, yani kila anayepita pale alfajiri anakufa, hana jeraha hana damu, halafu mchana watu wanalima palepale kama hakuna kitu. Sijui nani anaua. Nimeweka jini ila naona limekaa kizembe

Shangazi Rehema: Marahaba. Majini saa hizi jamani watu tunataka kulala 🙄

Baba Mdogo: Muache mtoto aandike. Ila Salim jini tumechoka, kila hadithi jini

Shemeji Furaha (Goma): Salim jini ya nini, hiyo bonde iko huku kwetu!! Mazuku. Upande wa Sake, Bulengo, kando ya ziwa Kivu, kuna fasi za chini hewa mubaya inatoka kwa mawe ya volkano inajikusanya usiku, asubuhi unakuta mbuzi wamelala kumbe bamekufa zamani. Hauoni moshi, hausikii kitu

Shangazi Rehema: Mungu wangu

Da Asha: Ni hewa ukaa hiyo. Nzito kuliko hii tunayovuta, kama mara moja na nusu hivi, kwa hiyo inateremka inatuama mabondeni kama maji. Upepo ukivuma na jua likipanda inapungua, ndo maana mchana watu wako wanalima

Salim: Weweee 😳

Shemeji Furaha (Goma): Na batoto njo banakufa mbele. Mutu mukubwa anapita kichwa iko juu, mutoto kichwa iko chini ndani ya ile hewa. Mutu akianguka mwenzake anainama kumuinua, na yeye anabaki palepale. Njo maana ukiona mutu ameanguka fasi ya mazuku hauinami

Baba Mdogo: Hauinami hata kama ni mwanao?

Shemeji Furaha (Goma): Baba, hauinami

Salim: hapo nimesisimka mwili mzima. Jini nimelifuta

Da Asha: Na usidhani ni mambo ya mbuzi wawili tu. Kamerun, ziwa Nyos, tarehe 21 Agosti 1986 usiku, hewa hiyohiyo ilikuwa imejaa chini ya ziwa ikafoka yote kwa mpigo ikashuka mabondeni, zaidi ya watu 1,700 walikufa na mifugo kama 3,500, hadi vijiji vya kilomita 25 huko. Wengine walizimia wakaja kuzinduka baada ya masaa, nyumba nzima kimya. Mwaka 2001 wakaweka bomba refu kule chini hewa itoke kidogokidogo

Baba Mdogo: Na Kivu je?

Da Asha: Kivu nayo imejaa, hewa ukaa na methani. Rwanda wanaivuta methani wanafua umeme

Shangazi Rehema: Furaha mwanangu si uhame huko

Shemeji Furaha (Goma): Mama nihamie wapi 😂 watu tumejaa huku

Salim: Nimeandika upya, someni: "Kabla ya jogoo, Tamiri alifunga kibatari kwenye fimbo akakishusha mbele yake. Mbwa alitangulia. Akapiga hatua tatu, akakaa, akalala. Kibatari kikazimika bila upepo. Tamiri akamkaza mtoto mgongoni, akasonga mbele."

Baba Mdogo: Sasa hii ndo hadithi. Huyo mbwa kaniuma roho

Da Asha: Kibatari kuzimika ni sahihi kabisa, moto hauwaki humo

Shangazi Rehema: Ngoja kwanza. Mtoto yuko mgongoni?

Salim: Ndio shangazi, kambeba kwa kanga

Shangazi Rehema: Akijikwaa akainama je? Si Furaha kasema huku chini ndo kuna kifo. Amtoe mgongoni ampandishe mabegani, ashike miguu. Wewe hujawahi kubeba mtoto ndo maana

Salim: 😅😅 sawa narekebisha

Shangazi Rehema: Na kingine. Mbwa kafa, taa imezimika, yeye anasonga mbele anaenda wapi? Arudi!

Salim: Shangazi akirudi hadithi imeisha

Shangazi Rehema: Basi asubiri jua. Au huko Kwezi hakuna mlima apite juu?

Salim: Mlimani kuna jeshi la mfalme linamtafuta

Shangazi Rehema: Sasa si ungesema mapema. Haya tuma sura inayofuata, usingizi umeshaniruka