Wana Mtwara na Lindi mliokaa nchi za majira manne, tupeane uzoefu

MwanaMikindani

Wakuu, salaam.

Mpwa wangu amepata nafasi ya kusoma Ujerumani, anaondoka mwezi wa tisa. Jana kanipigia simu yuko sokoni, kasimama kwenye mtumba. "Mjomba, kuna koti hapa zito la kijivu, wanataka elfu kumi na tano. Nichukue?" Mnayajua yale makoti. Yakitoka kwenye robota hayana mnunuzi hapa kwetu zaidi ya bodaboda wa alfajiri. Nikamwambia chukua, ila ukifika huko koti litakuwa tatizo dogo. Akanyamaza. Nimeona nilete suala hapa, maana mimi nilikaa Leipzig, huko huko Ujerumani, miaka minne na baridi niliizoea mapema.

Nilichoshindwa kuzoea ni kutoijua kesho. Sisi tumelelewa na mwaka unaoeleweka. Mvua inaingia Novemba au Desemba, inakaa nasi mpaka Aprili hivi, ikiondoka imeondoka. Mikorosho inachanua, watu wanapuliza salfa, hakuna anayetazama juu. Kule, ule ukanda wa kati ya latitudo 30 na 60, hewa ya joto inayotoka upande wetu inakutana na hewa ya baridi inayoshuka kutoka ncha ya dunia, na hazipatani. Pale zinapogusana ndipo mgandamizo mdogo wa hewa unapozaliwa, unaanza kuzunguka, na pepo za magharibi zinausukuma kuelekea mashariki. Ukipita mmoja, mwingine uko njiani.

Niwape siku moja tu. Novemba, mwaka wangu wa kwanza. Asubuhi manyunyu, mawingu yamekaa chini, lakini joto linapanda, nyuzi 12. Mvua yenyewe haina ngurumo wala nguvu, kama mtu anakamua nazi kwa uvivu. Mchana ikakatika, nikashukuru. Kwenye saa tisa upepo ukageuka, ukawa unatoka kaskazini-magharibi, ikapiga mvua ya kishindo dakika kumi, halafu anga likafunguka bluu safi, jua linawaka. Mtu wa Mikindani akiona jua anafanya nini? Nikavua koti. Kituoni kwenye tramu kulikuwa na mzee anafunga skafu shingoni, ananiangalia mimi nafungua vifungo. Dakika tano baadaye meno yanagongana, nyuzi zimeshuka mpaka 4.

Baadaye nikaelezwa kwamba ile ndiyo desturi yake. Hewa ya vuguvugu inatangulia na manyunyu yake marefu, hewa ya baridi inaifuata kwa nyuma kwa kasi, na ule weupe wa anga unakuja na baridi. Jua la kule wakati wa baridi ni taa, jiko hakuna.

Haya, leteni yenu.

BintiShangani

Kaka Mikindani umenichekesha na koti. Mimi nilikuwa London, na kilichonishinda ni jua lenyewe.

Ramadhani ya 2016 iliingia Juni, mwanzoni kabisa. Hapa kwetu adhana ya magharibi mwaka mzima haitoki kwenye saa kumi na mbili na kitu. Kule jua lilikuwa linazama saa tatu na dakika ishirini usiku, na daku ni kabla ya saa tisa. Hesabuni wenyewe, zaidi ya saa 18. Siku ya tatu nikampigia mama nikiwa nimeshika tende mkononi nasubiri. Akapokea kwa sauti ya usingizi, "Mwanangu, kuna msiba?" Kwake ilikuwa saa tano usiku imepita, kafuturu, kaswali tarawehe, kalala. Mimi bado nina jua dirishani.

Kisha ikaja Desemba ikageuka kinyume. Saa mbili kamili asubuhi jua halijatoka, na saa kumi jioni haijagonga limeshazama. Hapo ndipo niligundua kwamba saa yetu ya Kiswahili ni ya watu wa huku. Saa moja asubuhi maana yake jua limetoka, mtu ameamka, moto umewashwa. Kule hesabu hiyo haina pa kushika. Ni kule kuinama kwa dunia, nyuzi 23 na nusu. Sisi tuliokaa latitudo 10 tunaonja kidogo tu, wao wanaokaa 51 wanaipata yote.

Na msidhani ni baridi tupu. Tarehe 19 Julai 2022 nilikuwepo, Uingereza ilifika nyuzi 40.3 kwa mara ya kwanza kupimwa. Mimi mzaliwa wa Shangani nililala sakafuni, nimejifunika khanga iliyolowekwa maji. Nyumba zao zimejengwa kutunza joto, feni hakuna, dirisha linafunguka kiganja kimoja.

NewalaJuuKwaJuu

Ninyi wa pwani mnatia huruma. Sisi wa Newala Juni na Julai ukungu unapanda kutoka Shimo la Mungu mpaka humuoni mbuzi uliyemshika kamba. Kwa hiyo nilipopata masomo Harbin, kaskazini mwa China, nilijigamba sana. Niliwaambia wenzangu wa Dar kwamba baridi naijua.

Wakuu, sikuwa naijua.

Januari ya Harbin nyuzi 25 chini ya sifuri ni asubuhi ya kawaida. Kitu cha kwanza ni nywele za pua. Ukivuta hewa zinaganda, unasikia kama umenusa sindano. Cha pili ni simu. Nilitoa simu nipige picha ile sherehe yao ya barafu (wanakata matofali ya barafu kwenye mto Songhua, wanajenga majumba na kuyatia taa ndani), ina chaji asilimia 60, ikazima palepale. Kuirudisha bwenini ikawaka na asilimia zake kama hakuna kilichotokea.

Ajabu yake, ndani ni joto. Mabomba ya maji moto yanawashwa Oktoba mpaka Aprili, watu wamevaa fulana. Hewa inakuwa kavu hasa, midomo inapasuka, na kila ukigusa kitasa cha mlango unapigwa na shoti. Mwezi wa kwanza nilidhani jengo lina hitilafu ya umeme, nikaenda kutoa taarifa. Yule mama wa bweni alicheka mpaka akakaa. Mpwa abebe mafuta ya mgando, makopo mawili.

Kilichonishangaza zaidi ni ramani. Harbin iko latitudo 45, London 51. Harbin iko karibu zaidi na ikweta! Mwalimu akatueleza kwamba London inapata upepo uliopita juu ya bahari yenye mkondo wa maji ya vuguvugu, Harbin inapokea hewa iliyolala Siberia ikapoa wiki kwa wiki. Na bara la Asia likipoa hivyo hewa inakuwa nzito, inamwagika kuelekea kusini, na sehemu ya mmwagiko huo ndiyo inayotufikia sisi kama kaskazi. Kwa hiyo majahazi ya Kilwa yaliletwa na baridi ile ile iliyoniganda puani.

Swali kwa wajuzi: hiyo migandamizo midogo inayopishana aliyoitaja MwanaMikindani ni vimbunga vidogo?

MsimbatiPwani

Mimi sijapanda ndege, ila nimefanya kazi kwenye nyumba ya wageni. Mgeni mmoja Mzungu, Agosti, kila jioni ananiuliza kesho mvua itanyesha? Siku ya kwanza nikasema hapana. Ya pili hapana. Ya tatu akaniuliza ninajuaje. Nikakosa jibu. Mwezi wa nane, mvua ya nini? Akanionesha simu yake, kwao kila saa ina asilimia yake ya mvua. Nilimuonea huruma. Leo kwa maelezo ya MwanaMikindani ndio nimemuelewa.

BahariaMstaafu_Lindi

Wanangu, nimewasoma wote.

Wewe wa Newala, hapana, ni vitu viwili. Kimbunga cha huku kinakula joto la bahari. Maji yakiwa na nyuzi 26 au 27 na zaidi kinanenepa, kikipanda nchi kavu kinakonda. Bibi yangu alisimulia kile cha Aprili 1952 kilichoipiga Lindi mpaka anaingia kaburini. Kile cha 2019, Kenneth, kilikwenda kwa majirani zetu Cabo Delgado huku Mtwara mkikesha. Ile migandamizo ya kule haihitaji bahari ya moto. Chakula chake ni tofauti kati ya hewa ya joto na ya baridi, ndiyo maana inapata nguvu zaidi wakati wa baridi, na inaweza kutembea juu ya nchi kavu bila kufa haraka. Inatanda kilomita elfu moja na zaidi. Kimbunga ni kidogo kuliko hapo, lakini karibu na jicho lake usiombe.

Mmeongelea kaskazini ya dunia tu. Mimi nilipita kusini. Tulitoka Durban kwenda Fremantle, Australia, tumebeba shehena, nahodha akashuka karibu na latitudo 40 kutafuta upepo wa nyuma. Mabaharia wa zamani walizipa latitudo zile za arobaini jina kama la wanyama, kwamba zinanguruma. Kule upepo wa magharibi unazunguka dunia karibu bila kukuta bara la kuuzuia. Siku tisa sikuona wimbi dogo. Lilikuwa linakuja kutoka nyuma, polepole, refu, linainua meli nzima kama mama anavyomuinua mtoto kumpima uzito, halafu linaiacha. Kikombe changu cha chai nilikifunga kwa kamba ya kiatu kwenye mguu wa meza.

Kaskazini ya pepo zile, upande wa kusini-mashariki wa Madagaska, kuna mgandamizo mkubwa wa hewa. Hewa inayotoka ubavuni mwake ndiyo inayotufikia kama kusi. Wavuvi wa Lindi wanaposhinda nchi kavu Julai wakishona nyavu, mwenye kuwazuia yuko kule.

BintiShangani

Shikamoo mzee. Hiyo ya kikombe nimeipenda.

MfanyabiasharaMasasi

Istanbul hapa, mzigo wa nguo, mara tatu kwa mwaka. Wana upepo wao wa kusini unaitwa lodos. Ukivuma, boti za kuvusha watu zinasimama na kila mtu analalamika kichwa. Nikajisikia nyumbani. Theluji nayo nimeiona, inakuwa matope siku ya pili. Basi.

MwanaMikindani

Marahaba zote kwa niaba ya mzee, na shikamoo yangu mzee wa Lindi.

Mawili nilisahau. La kwanza chumvi. Barabara zikiganda wanamwaga chumvi ili barafu iyeyuke, maana maji ya chumvi yanachelewa kuganda. Magunia kwa magunia. Nilimtumia picha shemeji yangu mwenye mashamba ya chumvi Lindi, akanijibu neno moja: "Wanaume!"

La pili ni ukungu wa ukutani. Januari nilifunga madirisha yote, napika ugali, nakausha nguo humo humo. Mwezi haujaisha, nyuma ya kabati ukuta umeota weusi wenye manyoya. Mwenye nyumba akaja na barua, akasema nilipaswa kufungua madirisha wazi kabisa dakika tano, asubuhi na jioni, hata nje pakiwa chini ya sifuri. Mimi nalipia joto, halafu nalitoa nje kwa mikono yangu! Tulibishana, gharama ya rangi nikalipa. Lakini alikuwa sahihi. Mvuke wa chumba ukigusa ukuta wa baridi unageuka maji, na ile hewa kavu ya nje ndiyo inayoukausha. Dakika tano hazipoozi ukuta.

Mpwa amesoma uzi wote. Amelinunua koti, kashushiwa mpaka elfu kumi na mbili. Zipu mbovu. Sasa hivi yuko kwa fundi, na fundi anamuuliza anaanza lini bodaboda.