Jiwe linalokawiza wakati: nalitia wapi Pemba?

FundiSaa wa Wete

Assalaam alaykum wana jukwaa. Mie ni fundi saa hapa Wete, na usiku nikishafunga kibanda naandika riwaya. Msiniulize itatoka lini. Ndani yake mna fuwele niliyoibuni mwenyewe, naiita mkawio: ya kahawia, ukiielekeza juani pembe zake zinatoa zambarau. Anayekaa karibu nayo wakati wake hukawia. Yeye ataona kapitiwa na usingizi kidogo, nje kumbe siku zimekwenda.

Fikra nimeipatia kazini. Fungua saa yoyote ya betri, tia lenzi jichoni, utaona kikopo cha bati chembamba kuliko karafuu kavu. Ndani mna kijiti cha kwatsi, aina ya jiwe la fuwele, kilichochongwa mfano wa uma wa meno mawili. Kikipata umeme hutetemeka mara 32,768 kwa sekunde. Sakiti inaigawa nambari hiyo kwa mbili, tena kwa mbili, mara 15, mpaka inabaki moja, na mshale unapiga hatua. Yaani sote tunaiwahi boti ya asubuhi kwa idhini ya kijiwe. Nikasema, jiwe moja likiweza kuutunza wakati, jengine kwa nini lisiuharibu?

Sasa nimekwama. Mvuvi wangu analikuta jiwe pangoni, upande wa Makangale. Je, kisiwa chetu kina miamba ya kuzaa fuwele, au wasomaji watanicheka? Na akitoka, atajuaje kuwa wakati umempita? Nimemvisha saa mkononi lakini naona haimsaidii kitu.

Maalim wa Chake

Wa alaykumu ssalaam, fundi. Saa ivue. Wakati wenyewe ukikawia, na saa inakawia pamoja na aliyeivaa, na mapigo ya moyo wake, na ndevu zake. Hataona tofauti yoyote mpaka alinganishe na kitu kilichobaki nje.

Na jambo hili lipo kweli. Einstein alishaonesha kuwa karibu na kitu kizito wakati huenda polepole. Saa zilizomo kwenye satelaiti za GPS, kwa kuwa ziko mbali na ardhi na zinakwenda mbio, jumla yake hutangulia zetu kwa takriban maikrosekunde 38 kila siku. Zisiporekebishwa, simu itakwambia uko Mkoani nawe umekaa Wete. Lakini usije ukamfanya mkawio afanye kazi kwa uzito. Jiwe la kukawiza wakati kwa siku nzima kwa uzito wake lingekimeza kisiwa kabla mvuvi hajaliona. Liache bila ya maelezo, au mpe mtu mjinga alieleze vibaya.

Wapo watakaokutajia "fuwele za wakati". Mwanafizikia Frank Wilczek alizipendekeza mwaka 2012 na baadaye zikatengenezwa maabara, ila hizo hazipindi wakati. Ni mpangilio wa chembe unaojirudia kwa vipindi, basi.

Kuhusu miamba: Pemba ni matumbawe ya kale, mchanga na udongo. Tanzanaiti na jamaa zake wako bara, Mererani. Lakini mapango ya mawe ya chokaa hutoa kalsaiti, na hapo ndipo ningekaa mie. Ile iliyo safi kabisa, ukiiweka juu ya maandishi, kila mstari unauona miwili. Mtaalamu wa Denmark, Rasmus Bartholin, aliandika habari zake mwaka 1669. Skuli tulikuwa na kipande kimoja, wanafunzi walikuwa wakigombania kukiweka juu ya madaftari. Basi mvuvi wako na aliweke jiwe juu ya kiganja chake aione mistari miwili, mmoja wa sasa, mmoja wa baadaye kidogo. Msomaji ataamini yaliyobaki.

Mkojani77

Maalim kasema kweli, ila hakumwambia saa ya nje ni ipi. Ni maji! Mvuvi gani huyo wa kutazama mkono?

Sikiliza fundi. Muingize pangoni siku ya bamvua, maji yanapojaa na kukupwa sana, mwezi mpevu. Kwetu bamvua maji hukupwa kama saa nne asubuhi, kwa hiyo ngalawa anaiacha imekaa mchangani. Akitoka, jua liko pale pale pa saa nne, atadhani hajakaa hata dakika. Kutazama chini, maji yamejaa mpaka kwenye mikandaa! Saa nne maji kujaa ni siku za maji mafu, mwezi ukiwa nusu, baina ya bamvua na bamvua. Kwa hiyo imepita wiki moja kwa uchache. Au tatu.

Hapo atazame magharibi. Ikiwa ni wiki moja, atauona mwezi nusu haujatua bado. Ikiwa ni tatu hauoni, maana mwezi wa siku hizo hutoka adhuhuri. Mtu wa bahari hahitaji kuambiwa na yeyote, atajua pale pale alipo. Ngalawa yake sasa, hiyo ishachukuliwa na maji, muandalie nyengine.

Bi Mize

Nyie wanaume mmeshughulika na maji na mwezi, hakuna aliyeuliza huku nyumbani kukoje. Mwanangu fundi, ukimuingiza mwezi mpevu wa Shaaban akatoka baada ya wiki tatu, ujue katoka Ramadhani tukufu ishaingia siku tano sita. Yeye hana habari. Ana njaa, ana muhogo mkobani, anaupanda mlima huku anatafuna mbele za watu mchana kweupe. Hapo ndipo riwaya inapoanza, si pangoni. Nani atamuamini? Na zile swala za wiki tatu, alipe au asilipe? Kwake yeye jua halikuchwa hata mara moja.

Ukitaka akae zaidi, miaka, basi mkewe atakwenda kwa Kadhi. Kadhi akishahukumu kuwa mtu kafa, mke anakaa eda miezi minne na siku kumi, kisha anaolewa. Halafu wako anatokea na ndevu zile zile, anauliza chakula. Hilo andika polepole, usilirukie.

FundiSaa wa Wete

Ahsanteni sana. Bi Mize, shikamoo. Wiki tatu nazichukua, miaka naiweka kitabu cha pili. Saa nishamvua, na kiganja cha maalim kinaingia kama kilivyo. Muhogo utakuwa wa kuchemsha, kautia mkobani asubuhi ile ile, na mashahidi watakaomshika watashangaa jambo moja tu: muhogo wenyewe una moto bado. Kadhi ataupokea ushahidi huo?

Mkojani77

Muhogo wa kuchemsha kwenye ngalawa, kautia mkobani alfajiri, pangoni kaingia saa nne. Utakuwa ushapoa zamani, jiwe au si jiwe. Mtilie chai kwenye chupa.